Siku Thelathini za Hakimu: Historia Fupi ya Hukumu ya Deni Inayochelewa

Katika somo letu lililopita tulichambua kitenzi kudai pamoja na maneno yaliyozaliwa nacho: dai, madai, mdai, mdaiwa. Mwanafunzi mmoja akauliza kama deni nalo ni mtoto wa kitenzi hicho. Nilimjibu kwamba hapana, ingawa yanafanana sura kama ndugu: deni latokana na neno la Kiarabu dayn, ilhali dai latokana na da'wa, yaani shauri linalopelekwa mbele ya mwamuzi. Kwa hiyo mtu aweza kuwa na deni bila dai, na wengine huwa na dai pasipo deni lolote. Nilidhani nimemaliza. Binti yule, ambaye mama yake huuza viatu na mabegi huku Nyabugogo, akauliza la pili: «Mwalimu, mdai akimaliza kusikilizwa, kisha hukumu isitoke, anamdai nani sasa?»

Sikuwa na jibu la kutosha siku ile. Niliahidi kuandika, na makala haya ndiyo kulipa ahadi.

Msomaji asiyeijua Nyabugogo apate kwanza picha ya mahali. Ni bonde lililo chini ya Muhima na Kimisagara, mjini Kigali, ambako mto wenye jina hilohilo unapita ukielekea kuungana na Nyabarongo. Hapo ndipo kilipo kituo kikuu cha mabasi ya nchi: ya Musanze na Rubavu, ya Huye, ya Kampala. Kandokando ya kituo kuna masoko na maghala, na humo bidhaa hupita mikono mitatu au minne kabla ya jua kutua. Mwenye ghala humpa mwenye duka, naye humpa mchuuzi, na mara nyingi hakuna fedha inayotolewa asubuhi. Kiswahili kina jina zuri la biashara hiyo: mali kauli. Mali hutolewa kwa neno la mdomo, na malipo hufuata baada ya mauzo. Mtaji wa mtu wa Nyabugogo, basi, haukai sandukuni. Uko mikononi mwa watu wengine, unazunguka, na ukisimama miezi mitatu umekufa.

Mama wa mwanafunzi wangu alitoa mzigo wa viatu kwa mali kauli. Aliyeupokea hakulipa. Shauri likapelekwa mahali panapohusika (sitapataja), likasikilizwa vizuri, mashahidi wakasema, karatasi yenye sahihi ikaonyeshwa. Usikilizwaji ukafungwa. Kisha ukaja ule wimbo ambao wengi wetu tunaujua: rudi wiki ijayo. Aliurudia mpaka nauli ikawa deni jingine.

Jambo la kwanza ninalotaka wanafunzi walione ni kwamba kisa hiki ni cha kale kuliko mahakama zetu. Mfalme wa Uingereza aliahidi katika hati ya mwaka 1215 iitwayo Magna Carta kwamba hatauza haki, wala kumnyima mtu, wala kumcheleweshea. Tazameni jinsi kuchelewesha kulivyowekwa safu moja na kuuza! Hapa kwetu Afrika Mashariki, katiba za majirani zimebeba wazo hilo waziwazi: Uganda katika ibara ya 126 ya katiba ya mwaka 1995, Tanzania katika ibara ya 107A iliyoongezwa mwaka 2000, Kenya katika ibara ya 159 ya katiba ya mwaka 2010. Zote zinamwagiza hakimu asicheleweshe haki. Lakini agizo ni jambo moja. La kufanya pale agizo linapovunjwa ni jambo jingine, na historia ninayoisimulia ni ya hilo la pili.

Rwanda ilirithi njia yake kutoka upande mwingine wa Ulaya. Mwaka 1804 Wafaransa, katika kifungu cha nne cha sheria yao ya kiraia, waliandika kwamba hakimu anayekataa kuamua kwa kisingizio kuwa sheria iko kimya, au haieleweki, au haitoshi, aweza kushtakiwa kwa kosa la kuinyima haki. Wabelgiji wakalichukua wazo hilo, nao ndio waliotawala Ruanda-Urundi baada ya Wajerumani. Katika mapokeo hayo, dawa ya hukumu inayochelewa ilikuwa kumgeukia hakimu mwenyewe: umefanya kosa, ujibu. Sheria yetu ya sasa ya mwenendo wa mashauri bado inamkataza jaji kukataa kuamua kwa kisingizio cha ukimya wa sheria.

Njia hiyo ina heshima yake, lakini hebu mfikirieni mchuuzi wa viatu. Amshtaki hakimu? Kwa wakili yupi, kwa fedha ipi, na baada ya hapo arudi mbele ya nani? Silaha nzito namna hiyo hutundikwa ukutani, haikati muhogo.

Isitoshe, kwa muda mrefu mtu wa kawaida wa nchi hii hakufika mbele ya hakimu wa sheria hizo. Sheria ya kikoloni ya tarehe 5 Oktoba 1943 ilipanga mahakama za wenyeji, zilizokwenda kwa ngazi hadi mahakama ya Mwami. Madeni ya siku hizo yalikuwa zaidi ya ng'ombe kuliko ya faranga. Mwaka 1954 Mwami Mutara wa Tatu Rudahigwa alipoufuta ubuhake, yaani ule uhusiano wa bwana mwenye ng'ombe na mtu wake, ilibidi ng'ombe wagawanywe kati ya pande mbili, na kila mgawanyo uliweza kuzaa shauri. Ng'ombe, tofauti na viatu, huzaa wakati watu wanangoja hukumu. Ndama ni wa nani? Mwalimu wa historia ana haki ya kutabasamu hapo: swali la riba ya kipindi cha kungoja halikuanzia benki.

Kisha ukaja mwaka 1994. Mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi yaliua watu, na pamoja nao yaliua ushahidi wa maisha ya kawaida: mashahidi wa mikataba, makarani waliojua faili zilipo, mahakimu wengi. Baadaye magereza yalijaa watu zaidi ya 100,000 waliongoja kuhukumiwa. Mbele ya msiba wa kiasi hicho, nani angesimama kuuliza kuhusu deni la magunia ya maharagwe? Mahakama za Gacaca, zilizoanza mwaka 2002 na kufungwa Juni 2012, zilishughulikia takriban kesi milioni 1.9. Mashauri ya madeni yaliketi nyuma ya foleni, na ilikuwa sawa yaketi nyuma. Ila foleni haikukoma kurefuka.

Mageuzi ya mwaka 2004 yalizipanga upya mahakama, na majaji wakaajiriwa upya kwa sharti la elimu ya sheria. Ndipo penye mgeuko ambao kwangu ndio kiini cha historia hii. Nchi iliacha kutegemea kumtisha hakimu, ikaanza kuugeuza muda wenyewe kuwa sehemu ya sheria, na kufungua milango mingine ili si kila deni lipite mlango mmoja.

Mlango wa kwanza ni abunzi, wasuluhishi wanaochaguliwa na jamii, waliotajwa katika katiba ya mwaka 2003. Nchi ina seli 2,148 na sekta 416, na kamati zao ziko katika ngazi zote hizo mbili. Kwa kawaida mgogoro wa mali ambao thamani yake haizidi faranga milioni tatu hupita kwao kabla ya kufika mahakamani. Jirani aliyekopa laki mbili za kuezekea nyumba hapelekwi mbali. Anakutana na watu wanaomjua yeye na paa lake.

Mlango wa pili ni wa wafanyabiashara. Sheria ya mwezi Desemba 2007 iliunda mahakama za biashara, nazo zikaanza kazi mwaka 2008: Mahakama Kuu ya Biashara mjini Kigali, na chini yake mahakama za Nyarugenge, Huye na Musanze. Nyabugogo iko katika wilaya ya Nyarugenge, kwa hiyo mama wa Nyabugogo hakuhitaji tena kushindana na kesi za mipaka ya mashamba ili deni la mzigo wake lisikilizwe. Mwaka 2016 ukaja mfumo wa kielektroniki wa kuandikisha na kufuatilia mashauri. Wengi wanausifu kwa kuondoa foleni za karatasi. Mimi nausifu kwa jambo dogo zaidi: unaandika tarehe. Ucheleweshaji usio na tarehe ni malalamiko tu, lakini ukishaandikwa tarehe ni ushahidi.

Na tarehe ina maana kwa sababu kipimo kipo. Sheria Na. 22/2018 ya tarehe 29 Aprili 2018, inayosimamia mwenendo wa mashauri ya madai, ya biashara, ya kazi na ya utawala, inataka hukumu isomwe ndani ya siku 30 tangu usikilizwaji ulipofungwa. Siku thelathini. Si «wiki ijayo».

Hapa msomaji makini atauliza: siku ya 31 ikifika? Kabla ya kujibu kwa Rwanda, naomba tuvuke mipaka, maana majirani wamejaribu majibu tofauti na jibu moja limewachoma.

Kenya iliunda Mahakama ya Madai Madogo kwa sheria ya mwaka 2016; ilianza kusikiliza kesi Nairobi mwezi Aprili 2021, na madai yake hayazidi shilingi milioni moja za Kenya. Sheria hiyo inasema shauri liamuliwe ndani ya siku 60 tangu lilipofunguliwa. Ni ahadi tamu. Kisha kesi zikapita siku hizo, na mtu aliyeshindwa akaenda Mahakama Kuu na hoja ya ujanja: hukumu imetoka baada ya siku 60, kwa hiyo aliyeitoa hakuwa na mamlaka tena, kwa hiyo si hukumu. Mwaka 2023 Mahakama Kuu huko Mombasa ilikubali hoja ya namna hiyo. Majaji wengine wa ngazi ileile wamekataa, wakisema muda uliwekwa kuiharakisha haki na wala si kuizika.

Mimi si mwanasheria, lakini nakaa upande wa hao wa pili bila kusitasita. Tazameni ni nani anayeadhibiwa. Hakimu aliyechelewa hapotezi kitu. Mdaiwa aliyekuwa akiomba siku zisogee anapewa zawadi. Anayeumia ni mdai, ambaye alingoja kwa sababu hakuwa na namna nyingine. Amecheleweshwa, kisha ananyang'anywa kwa kosa la kucheleweshwa. Mtu akilewa na kugonga gari lako, hatuchukui gari lako.

India, ambako mabaraza maalumu ya kurejesha madeni ya benki yalianzishwa kwa sheria ya mwaka 1993, imekuwa na muda mrefu zaidi wa kujifunza. Sheria hiyo inataka baraza lijitahidi kumaliza shauri ndani ya siku 180. Mabaraza yakajaa. Mwaka 2002 ikatungwa sheria nyingine iliyoruhusu benki kushika mali ya rehani bila kwenda kwanza mahakamani; mkopaji anayeona ameonewa ndiye anayekwenda kwenye baraza. Na humo mkaandikwa kifungu kinachostahili kusomwa na kila mwanafunzi wa uraia: baraza liamue ndani ya siku 60, muda waweza kuongezwa lakini jumla isizidi miezi minne, na ukipita, upande wowote uende kwenye baraza la rufaa kuomba liamrishe uamuzi utolewe upesi. Hukumu haibatiliki na hakimu hapelekwi gerezani. Mlango wa juu unafunguka, na shauri linasukumwa kutoka lilipokwama. Zaidi ya hayo, mahakama kuu za India zina mamlaka ya kikatiba ya kuyasimamia mabaraza, na huyapangia muda wa kumaliza mashauri yaliyolala.

Amri ya namna hiyo ina asili ya Kiingereza na jina la Kilatini, mandamus, lenye maana ya «tunaamuru». Anayeamriwa haambiwi aamue vipi, anaambiwa aamue. Hatua hiyo ni muhimu, kwa kuwa wengi hudhani wakienda juu kulalamikia ucheleweshaji watapewa ushindi. La. Watapewa uamuzi, na huenda ukawa dhidi yao. Uganda iliwahi kuutumia mkono huo katika jambo la deni lenyewe: katika shauri la Shah dhidi ya Mwanasheria Mkuu, mwaka 1970, Mahakama Kuu ilitoa amri ya kushurutisha ili deni lililokwisha kuhukumiwa dhidi ya serikali lilipwe. Tanzania nayo, mwaka 2021, ilirekebisha sheria ya migogoro ya ardhi: baraza la kata likishindwa kusuluhisha ndani ya siku 30, mwenye shauri anaruhusiwa kwenda mbele kwenye baraza la wilaya bila kungoja cheti cha kata. Ardhi si viatu, lakini akili iliyotumika ni ileile.

Turudi bondeni kwetu. Siku ya 31 ikifika Rwanda, mdai hatafuti kubatilisha chochote. Anaandika barua kwa mkuu wa mahakama inayohusika, akitaja namba ya shauri na tarehe usikilizwaji ulipofungwa. Akipuuzwa, upo Ukaguzi Mkuu wa Mahakama, ambao kazi yake ni kuangalia mwenendo wa kazi za mahakama zote. Barua hiyo haina haja ya maneno makali. Nimewahi kumsaidia mtu kuiandika, na rasimu yake ya kwanza ilikuwa kurasa tatu za uchungu. Tulipomaliza ilikuwa mistari sita, na tarehe ndiyo iliyokuwa na nguvu kuliko vivumishi vyote tulivyovifuta.

Lakini dawa iliyo bora, kwa maoni yangu, hutumika kabla hukumu haijachelewa, na hii ndiyo inayosahaulika zaidi sokoni. Sheria inaruhusu ombi la dharura, na inaruhusu kukamata mali kwa tahadhari: mzigo wa mdaiwa, au fedha zake zilizoko kwa mtu mwingine, huwekewa zuio wakati shauri likiendelea. Mali iliyozuiwa haijawa ya mdai. Imenyimwa miguu tu. Hakimu akichelewa baada ya hapo, anachelewa juu ya kitu ambacho bado kipo. Bila zuio, mdaiwa wa Nyabugogo ana basi la kwenda popote kila baada ya dakika chache.

Isidhaniwe kwamba ucheleweshaji huwaumiza wadai peke yao. Mwaka 2009 Rwanda ilitunga sheria ya rehani inayomwezesha mkopeshaji, kwa idhini ya Msajili Mkuu, kuiuza mali iliyowekwa dhamana bila hukumu ya mahakama. Benki zilipumua. Sasa anayekimbilia mahakamani ni mwenye nyumba, kuomba mnada usimamishwe kwa kuwa hesabu ya deni si sahihi au taarifa haikumfikia, na kwake yeye hukumu inayotoka baada ya nyundo kugonga ni karatasi. Saa ileile inayomfaa mmoja humwangamiza mwingine, na ndiyo maana kipimo cha muda hakipaswi kuwa zawadi ya upande wowote.

Kuna na gharama isiyoandikwa katika faili lolote. Mtu akiamini kwamba mahakama itachelewa, hatakopesha kwa mkataba wa kawaida. Ndivyo inavyonenepa ile biashara ambayo Wanyarwanda huiita Banque Lambert, ukopeshaji wa riba kubwa nje ya leseni ya Benki Kuu, ambamo mkopaji huacha hati ya gari au ya kiwanja mikononi mwa mkopeshaji na wakati mwingine hutia sahihi mkataba wa kuuza ilhali hakuna kilichouzwa. Mkopeshaji wa aina hiyo hamngojei hakimu, amekwisha kujihukumia. Kukopa arusi, kulipa matanga, walisema wahenga, na matanga ya huko nimeyaona mtaani kwangu.

Mama wa mwanafunzi wangu hakuomba zuio, kwa sababu hakuna aliyemwambia lipo. Uamuzi ulitoka mwezi wa nne baada ya kufungwa kwa usikilizwaji. Alishinda. Kibanda cha mdaiwa kilikuwa kimekwisha kubadilika, kinauza simu, mwenyewe ni mwingine. Binti yake alinionyesha karatasi ya ushindi darasani, akauliza jinsi ya kusema kwa Kiswahili sanifu kwamba mtu ameshinda lakini hajapata. Tuliandika ubaoni vitenzi vya kauli ya kutendwa na vya kauli ya kutendeka, tukajaribu sentensi kadhaa. Darasa likachagua hii: «Deni limehukumiwa, halijalipika.»